Kura za Wakamwana

Elina aliamka kabla jua halijatoka, kama siku zote. Alipuliza moto, akabandika uji wa uwele. Alimfunga mgongoni mtoto wake mdogo, Esta. Kisha akachukua debe na kata, akashuka korongoni kutafuta maji. Mtoto wake mkubwa, Laurenti, alimfuata nyuma. Laurenti alikuwa na miaka minne.

Korongo lile halina maji wakati wa kiangazi. Wanawake huchimba mchanga mpaka maji yatokee chini. Huchota kidogo kidogo, kisha husubiri maji yajae tena. Mbuzi na ng'ombe nao hunywa humo humo, na kinyesi chao kinabaki pembeni.

Jirani yake, Febronia, alikuwa amekwisha fika. Alikuwa amepiga magoti mchangani, kichwa kimeinama ndani ya shimo.

"Umechelewa, mama Laurenti," alisema bila kuinua kichwa. "Mumeo Fabiano amekuzuia?"

"Anizuie na nini? Nimemwacha amelala kama gogo."

"Basi kamwamshe. Leo kuna mkutano. Wanataka kusema pampu ya serikali iwekwe wapi."

"Nimesikia. Ikija huku Bondeni, mimi shimo hili nalifukia kwa mikono yangu."

"Na mimi nitacheza juu yake," alisema Febronia.

Kijiji chao kilikuwa kipya, upande wa Ihanja. Zamani kila mji ulikaa peke yake, na mashamba yake na zizi lake. Mwaka 1974 watu waliambiwa wahame, wakae pamoja katika vijiji vya ujamaa. Walipangwa kwa mistari. Waliopangwa karibu na barabara waliitwa watu wa Juu. Waliopangwa karibu na korongo waliitwa watu wa Bondeni. Mzee Mughwai, baba yake Fabiano, alipata kiwanja Juu pamoja na ng'ombe wake. Fabiano na Elina walipata Bondeni.

Sasa nieleze jambo moja, maana bila hilo hamtaelewa yaliyotokea. Katika nyumba nyingi za kwetu, mkamwana, yaani mke wa mwana, humheshimu sana baba mkwe. Akimwona njiani, hutoka pembeni. Humsalimu ameinamisha macho. Hatamki jina lake. Hapazi sauti mbele yake wala hanyooshi mkono juu mbele yake. Hiyo ni heshima, na heshima si kitu kibaya. Lakini zamani wazee walikaa peke yao kwenye mashauri, na wanawake walikuwa nyumbani. Katika kijiji kipya wote waliitwa kwenye mkutano mmoja, baba mkwe na mkamwana, chini ya jua moja. Hakuna aliyefikiri mambo haya mawili yatapatanaje.

Mkutano ulifanyika uwanjani mbele ya shule. Mwenyekiti, Ndugu Nathanaeli, alisimama akasema:

"Ndugu wananchi, serikali inatupa pampu moja. Watu wa maji wamepima. Maji yapo Juu, na Bondeni pia yapo. Mnataka iwekwe wapi?"

Mzee Mughwai alisema, "Mimi nasema Juu. Ng'ombe wako Juu. Barabara iko Juu. Gari la kuleta vyuma litafika bila shida. Huko Bondeni litazama."

Theodora alisimama. Huyu alikuwa mjane wa Bondeni, na baba mkwe wake alikuwa amekufa siku nyingi.

"Bondeni ndiko kwenye watu wengi," alisema. "Na watoto wengi. Tunakunywa maji ya mchangani pamoja na mbuzi."

Mzee mmoja akamkatiza. "Wewe mama, hata ng'ombe huna."

"Sina ng'ombe, lakini nakunywa maji. Au wewe mzee ukisikia kiu unamtuma ng'ombe akanywe?"

Watu walicheka. Hata Mzee Mughwai alicheka kidogo. Kisha mwenyekiti akasema, "Wanaotaka Juu, mikono."

Wazee wote walinyoosha mikono. Vijana wengi nao walinyoosha, wakiwatazama baba zao.

"Wanaotaka Bondeni."

Theodora alinyoosha. Wajane wengine wawili watatu walinyoosha. Elina alikuwa amekaa chini pamoja na wakamwana wengine, upande wa nyuma. Mkono wake ulikuwa chini ya kanga. Alitazama mbele akaona mgongo wa baba mkwe wake. Mzee aligeuka kutazama ni nani wanaotaka Bondeni. Elina akainamisha macho. Febronia pia akainamisha macho. Wote walikaa hivyo, safu nzima ya wanawake, kimya.

"Nani anapinga pampu kuwekwa Juu?" aliuliza mwenyekiti.

Kimya.

"Hakuna anayepinga. Wananchi wamekubali."

Jioni Fabiano alimwuliza mkewe, "Mbona hukunyoosha mkono?"

"Na wewe mbona hukunyoosha?"

"Yule ni baba yangu, Elina. Nimpinge mbele ya watu?"

"Na kwangu mimi ni mkwe. Tena mimi ni mwanamke."

Walikula ugali na mlenda, wakalala.

Pampu iliwekwa Juu. Maji yake yalikuwa safi. Lakini kutoka Bondeni kwenda Juu ni kupanda mlima mrefu. Asubuhi na jioni ng'ombe walizunguka pampu, na wenye ng'ombe ndio waliotangulia. Wanawake wa Bondeni walisubiri. Kwanza Elina alikwenda kila siku. Mvua zilipoanza, kazi ya shamba ikawa nyingi. Kulima ni asubuhi, na foleni ya pampu nayo ni asubuhi. Akarudi korongoni. Wenzake wote walirudi.

Mvua zile ziliosha kinyesi cha mifugo na cha watu, zikakiingiza korongoni. Maji yalikuwa mengi na ya rangi ya udongo. Elina aliyaacha yatulie ndani ya mtungi, yakaonekana meupe. Alidhani yamekuwa safi. Mama unayesoma, maji yaliyotulia si maji salama. Ugonjwa hauonekani kwa macho.

Laurenti alianza kuharisha. Siku ya pili alianza kutapika. Elina alimpa dawa ya mizizi, akitumaini itapita. Asubuhi iliyofuata macho ya mtoto yalikuwa yameingia ndani. Ngozi yake ukiivuta ilibaki imesimama. Alikuwa analia bila machozi.

Elina alimbeba mgongoni kwenda zahanati, njia ya matope. Fabiano alitangulia kutafuta baiskeli, lakini hakuipata. Njiani Laurenti aliomba maji. Elina hakuwa na maji. Alikuwa ameambiwa kwamba mtoto anayeharisha asipewe maji, ataharisha zaidi. Hayo nayo si kweli. Anayeharisha apewe maji yaliyochemshwa, na uji mwepesi, kidogo kidogo, bila kuacha, huku akipelekwa kwa mganga wa zahanati.

Walipofika, mganga alimlaza mtoto juu ya meza, akamsikiliza kifuani. Alisikiliza kwa muda mrefu.

"Mama," alisema, "mtoto alikwisha kufa njiani."

"Hapana," alisema Elina. "Alikuwa ananishika shingo."

Mvua zile zilichukua watoto wengine wa Bondeni. Febronia alimzika binti yake wiki ile ile. Mzee Mughwai alikuja msibani kwa mjukuu wake. Alikaa na wanaume, fimbo kati ya magoti, hakula kitu.

Baada ya mavuno Bibi Maendeleo alifika kijijini. Jina lake Cecilia. Kazi yake ilikuwa kufundisha akina mama afya na mambo ya maendeleo. Aliwakusanya wanawake wa Bondeni katika darasa la shule. Aliwafundisha kuchemsha maji mpaka yatokote, kufunika mtungi, na kuchimba choo mbali na maji. Kisha akauliza:

"Kwa nini mlikubali pampu iwekwe Juu?"

"Hatukukubali," alisema Febronia.

"Mwenyekiti ameniambia hakuna aliyepinga."

Wanawake walitazamana. Theodora akasema, "Bibi Maendeleo, hawa ni wakamwana. Baba zao wakwe walikuwa pale. Mkono ungepitia wapi?"

Cecilia hakucheka. Alikaa juu ya dawati, akafikiri.

"Mwaka 1970 tulipochagua wabunge, mlipiga kura?"

"Tulipiga," alisema Elina.

"Baba mkwe alikuwepo?"

"Alikuwa kwenye foleni, mbele yangu. Lakini kura nilipigia ndani ya kibanda, peke yangu. Wagombea walikuwa na alama, mmoja jembe, mwingine nyumba."

"Ukachagua nini?"

"Hiyo siyo habari yako, Bibi Maendeleo."

Wanawake walicheka. Ilikuwa mara ya kwanza Elina kuwachekesha watu tangu msiba.

"Umejibu vizuri," alisema Cecilia. "Hiyo ndiyo kura ya siri. Nani anajua zamani za Mwingereza ilikuwaje?"

"Zamani hatukupiga," alisema Theodora. "Wanaume wa huku nao hawakupiga."

"Uchaguzi ulikuwepo kabla ya Uhuru, mwaka 1958 na 1959. Lakini ili upige kura ulitakiwa kuwa na kipato kikubwa cha mwaka, au uwe umesoma sana, au uwe na cheo. Tena anayepiga kura alilazimishwa kuchagua watu watatu, Mwafrika, Mzungu na Mwasia, hata kama hakuwataka wote."

"Sasa mkulima wa uwele angepiga wapi?" aliuliza Febronia.

"Asingepiga. Baba yako asingepiga, na mama yako ndiyo kabisa. Watu walidai. Mwaka 1960 masharti yakalegezwa kidogo. Tulipopata Uhuru yakaondolewa. Tangu hapo mtu mzima ana kura, mwanaume na mwanamke, anayejua kusoma na asiyejua. Na sasa ipo sheria ya vijiji ya mwaka 1975. Kila mkazi wa kijiji aliyetimiza miaka kumi na minane ni mwanachama wa mkutano mkuu wa kijiji. Kura ya Mzee Mughwai ni moja. Kura ya Elina ni moja."

Elina aliinama aliposikia jina la mkwe wake likitajwa hivyo hivyo. Kisha akauliza polepole, "Kama kura yangu ni moja, ilikwenda wapi siku ile?"

"Haikwenda popote. Ulikuwa nayo ukaondoka nayo. Mwenyekiti akahesabu kimya chako kuwa ni ndiyo."

Mwanamke mmoja alianza kulia, kisha mwingine.

Cecilia aliwaacha kwanza. Halafu akasema, "Nisikilizeni. Serikali itatoa saruji kwa kijiji hiki. Ni ya kazi moja tu. Wazee wanataka josho la kuogeshea ng'ombe dawa ya kupe. Inaweza kujenga josho, au inaweza kujenga kisima cha kufunikwa huku Bondeni, mkichimba wenyewe. Mkutano utaamua. Mtanyoosha mikono?"

"Hatuwezi," alisema Elina.

"Basi ombeni kura ya siri. Ombeni kabla ya mkutano. Mikono ikishahesabiwa, mmechelewa."

Siku iliyofuata wanawake wanane walikwenda kwa mwenyekiti. Fabiano na vijana wengine walifuatana nao. Ndugu Nathanaeli alikuna kichwa.

"Kura ya siri ni ya kuchagua wabunge," alisema. "Hapa ni kijijini. Tunajuana."

"Ndiyo shida yenyewe, Ndugu Mwenyekiti," alisema Fabiano. "Tunajuana mno. Mimi nilinyoosha mkono kwa Juu nikitazama uso wa baba. Mtoto wangu nimemzika."

"Sheria haikatazi," alisema mwenyekiti. "Tutafanya."

Habari zilimfikia Mzee Mughwai siku ile ile. Alishuka Bondeni mwenyewe, jambo ambalo hakulifanya mara nyingi. Elina alikuwa anatwanga. Aliacha mchi, akapiga magoti pembeni.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba. Mume wako yuko wapi?"

Fabiano alitoka ndani, akamwamkia baba yake, akamletea kigoda. Mzee hakukaa.

"Nasikia mnataka kujificha," alisema. "Mtu mwenye neno la haki anajificha nini? Ng'ombe wangu wanakufa kwa kupe. Ndigana, homa hiyo ya kupe, imenimalizia ndama. Ng'ombe hao ndio waliomwoa huyu mkeo. Leo mnasema josho ni baya."

"Baba, hatusemi ni baya," alisema Fabiano.

Elina alikuwa bado amepiga magoti, uso umeelekea kinu. Akasema kwa sauti ndogo:

"Baba, unisamehe. Sijifichi ili nikudharau. Nikinyoosha mkono mbele yako, nimekukosea heshima. Nisiponyoosha, huyu Esta atakunywa maji yale yale. Nikijificha naweza kuyafanya yote mawili."

Mkamwana wake hakuwahi kumwambia mzee maneno mengi hivyo. Mzee alimtazama Esta aliyekuwa anacheza na pumba, kisha akapanda mlima kurudi kwake.

Siku ya mkutano madebe mawili yaliwekwa darasani, nyuma ya shuka lililotundikwa. Debe moja lilichorwa ng'ombe kwa mkaa. Hilo lilikuwa la josho. La pili lilichorwa mtungi. Hilo lilikuwa la kisima. Kila mtu alipewa mlangoni karatasi moja yenye muhuri wa kijiji. Aliingia peke yake, akaitumbukiza katika debe analotaka, akatokea mlango wa pili. Cecilia alisimama nje na mwenyekiti. Hawakuruhusu mtu kuchungulia.

Mzee Mughwai aliingia, akatoka. Wakamwana waliingia mmoja mmoja, kanga zimefunika vichwa. Febronia alipotoka mzee mmoja alimwuliza, "Umeweka wapi?"

"Nimeweka ndani ya debe, baba," alijibu Febronia.

Zamu ya Elina ilipofika, alisimama nyuma ya shuka. Alisikia wazee wakizungumza nje, na sauti ya mkwe wake ilikuwa karibu sana, kama vile anamwona. Aliitumbukiza karatasi kwenye debe la mtungi. Haikutoa sauti.

Karatasi zilimwagwa mezani, zikahesabiwa mbele ya wote. Debe la ng'ombe liliisha upesi. Debe la mtungi liliendelea kuhesabiwa. Wazee waliacha kuzungumza. Mwenyekiti alipotangaza kisima, hakuna aliyepiga makofi.

Mzee Mughwai alitazama mafungu yale mawili ya karatasi.

"Wengi hivi?" alisema. "Mwaka jana mlikuwa wapi?"

"Tulikuwa hapa hapa," alisema Theodora.

Walichimba kisima kwa zamu, wanaume na wanawake, wa Bondeni na baadhi ya wa Juu. Walijenga ukuta wa mawe na saruji, wakaweka mfuniko, wakazungushia boma la miiba mifugo isiingie. Mvua ziliporudi, watoto wa Bondeni hawakufa kwa kuharisha. Esta alianza kutembea vizuri, akanenepa. Mzee Mughwai alipoteza ng'ombe wengine mwaka ule kwa ndigana. Alilazimika kuwaswaga waliobaki mpaka josho la mbali. Hilo nalo nalisema, kwa maana kura ikipigwa yupo anayekosa, na si lazima awe mtu mbaya.

Siku moja alipita kisimani akitoka machungani. Elina alikuwa anachota. Alitaka kusogea pembeni, lakini mzee alimwambia abaki. Akaomba maji, akanywa kwenye kata. Kisha akauliza, akitazama upande mwingine:

"Mwaka ule wa pampu. Ulitaka iwekwe huku?"

"Ndiyo, baba."

"Hukusema."

"Hapakuwa na mahali pa kusemea, baba."

Mzee alikaa juu ya jiwe. Alikaa pale muda mrefu, na ng'ombe wake wakatawanyika, na hakuwaita.

Mama unayesoma hadithi hii, mimi nawaogopea watoto wako kama ninavyowaogopea wangu. Mkutano wa kijiji ukiitwa, nenda. Usiseme ni mambo ya wanaume. Ukijua hutaweza kunyoosha mkono mbele ya mkwe, au mume, au mwenye mali, wakusanye wenzako mwende kwa mwenyekiti mapema, mwombe kura ya siri. Usingoje mpaka uwe na kaburi la kuonyesha. Siku ile ya mikono Elina alikuwa amekaa pale nyuma, amempakata Laurenti, na wote wawili walihesabiwa kuwa wamekubali.